Sat, sata, sati: kompyuta ilivyofundishwa kuhesabu Kiserbia

Mserbia akitaka kutaja saa, husema sat. Neno hilo ni ndugu wa saa yetu: lao lilipitia Uturuki, letu lilishuka pwani na wafanyabiashara, na chimbuko la yote mawili ni Kiarabu. Ila jaribu kuhesabu nalo uone. Moja ni sat, mbili hadi nne ni sata, tano ni sati. Ukifika 21 unarudi kwenye sat, 22 ni sata, 25 ni sati. Halafu 11 hadi 14 zinagoma: hizo zote ni sati, ingawa zinaishia kwa 1, 2, 3 na 4. Mtoto wa Belgrade huyajua haya bila kufundishwa. Kompyuta ilibidi ifundishwe.

Mafunzo hayo yamo katika faili ndogo. Waandishi wa programu hawaanzi kila kitu upya. Huchukua vipande vilivyokwisha kuandikwa kutoka kwenye hazina iitwayo maktaba ya programu, na maktaba nyingi huwa na faili ya kila lugha. Ya Kiserbia hutambulika kwa herufi sr. Ukiifungua utakuta majina ya miezi, agizo kwamba juma huanza Jumatatu, na kwamba nukta hutenga maelfu huku mkato ukitangulia desimali: sisi tunaandika 1,234.50, wao 1.234,50. Si jambo dogo hilo kwa anayesoma bei. Humo pia mna kanuni ya wingi, mstari mmoja tu: tazama tarakimu ya mwisho, kisha tazama mbili za mwisho, ndipo uchague neno.

Kanuni hizi hazikugunduliwa kwa darubini. Programu nyingi za mwanzo ziliandikwa na watu waliozoea Kiingereza, ambamo kuna moja na kuna nyingi, basi. Maneno yalishonwa humo humo ndani ya msimbo. Yalipotolewa nje na kukabidhiwa watafsiri, malalamiko yakaanza: lugha yangu haiingii hapa. Malalamiko hayo, yakilinganishwa lugha kwa lugha, ndiyo yaliyozaa ujuzi tulio nao. Kiserbia kinahitaji maumbo matatu, Kiarabu sita, Kijapani moja tu. Kiswahili kimeandikishwa mawili.

Kilichonivutia zaidi ni herufi. Kiserbia kina alfabeti mbili, ya Kikirili na ya Kilatini, kila moja ina herufi 30. Katiba ya mwaka 2006 inataja Kikirili kuwa maandishi rasmi, lakini Kilatini kimejaa magazetini, madukani na kwenye simu. Kamusi ya Kiserbia iliyochapwa Vienna mwaka 1818 iliipa nguvu kanuni ya kila sauti na herufi yake, na watafsiri wa programu huru wanakula matunda yake leo: wanaweza kuandika faili ya Kikirili peke yake, kisha mashine ikaigeuza kuwa ya Kilatini, herufi kwa herufi. Kinyume chake ni mtego. Kwa Kilatini, nj kwa kawaida ni sauti moja, kama ny yetu, nayo Kikirili huiandika kwa herufi moja, њ. Lakini katika injekcija, yaani sindano ya hospitali, n na j zimekutana njiani tu, kila moja na sauti yake: инјекција. Mashine isiyoonywa itaharibu neno ambalo mgonjwa analihitaji. Hata orodha ya majina hupinduka. Vera yuko karibu na mwanzo kwa Kikirili, maana В ni herufi ya tatu, na karibu na mwisho kwa Kilatini.

Na kwetu? Umoja na wingi havitoshi, kwa sababu Kiswahili hakibadilishi jina peke yake. Ngeli huburuta sentensi nzima. Programu ya tiketi za boti ikitafsiriwa neno mojamoja itamwambia abiria wa Unguja "Kiti 5 kimebaki". Mtafsiri akipewa sentensi kamili kwa kila umbo, itasema "Viti 5 vimebaki", na mvuvi anayemkatia mwanawe tiketi hatasita. Mwanafunzi wa kompyuta asikate sentensi vipande. Nyingi ya faili hizi ziko wazi, kwa hiyo mwenye sarufi nzuri anaweza kupendekeza sahihisho, na likikubaliwa hufika katika kila programu inayotumia maktaba ile, mara inaposasishwa. Kosa nalo husafiri kwa njia hiyohiyo.

Wala tusiipe faili sifa isiyo yake. Haielewi lugha, inatii kanuni. Haitamsomea mkulima maelezo ya mbolea ambayo hakuna aliyeyatafsiri. Na kuna mahali ambapo kanuni zenyewe hazijatufikia. Sat ya Belgrade huhesabiwa kuanzia usiku wa manane. Saa yetu huanza jua linapochomoza. Faili za Kiswahili zinajua alfajiri, asubuhi, mchana na jioni, lakini tarakimu kwa kawaida hubaki zile za usiku wa manane. Hivyo mama mjamzito anaweza kupokea ujumbe kwamba miadi yake ya kliniki ni "saa 8:00 asubuhi". Saa nane ya asubuhi haipo. Atakisia kuwa ni saa mbili, au atakwenda mchana, akute mlango umefungwa.