Panyako: Jina lililotoka vitani likatulia Kakamega

MTU anayelisikia jina Panyako kwa mara ya kwanza huenda akatabasamu. Sikio lililozoea Kiswahili hulikata vipande viwili, likalipanga pamoja na "babako" na "mamako", kisha likashangaa panya ametafuta nini katika kitambulisho cha mtu mzima.

Jina hili si geni kabisa kwa Wakenya. Lilivuma mwaka 2017, wakati Seth Panyako, Katibu Mkuu wa chama cha kitaifa cha wauguzi, alipoongoza mgomo uliodumu takriban miezi mitano. Likasikika tena Novemba 2025, alipowania ubunge wa Malava, Kaunti ya Kakamega, katika uchaguzi mdogo. Hata hivyo, ni wachache waliosimama kidogo na kuuliza jina lenyewe lina maana gani na lilitoka wapi.

Panyako halina uhusiano wowote na panya. Ni maneno mawili ya Kiingereza, Pioneer Corps, yaliyopita katika vinywa vya wanakijiji wa magharibi mwa Kenya wakati wa Vita Vikuu vya Pili vya Dunia, yakatoka yakiwa neno moja. Waingereza wanapotamka Corps huzimeza herufi mbili za mwisho, ikabaki sauti inayokaribia "koo". Pioneer nayo, ambayo kwa sikio la Mwafrika ni "payonia", ikafupishwa ikawa "panya". Kikosi kikawa Panyako, na mtu aliyetumikia huko akajulikana kwa jina hilohilo. Neno hilo lilitumiwa na Waluhya na pia na majirani wao Waluo.

Anayetilia shaka maelezo haya na atazame mifano miwili inayojulikana zaidi. Katika Vita Vikuu vya Kwanza, Waingereza waliwakusanya wapagazi katika kikosi kilichoitwa Carrier Corps. Kutokana na jina hilo tukapata Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi. Vivyo hivyo, King's African Rifles, jeshi lililofupishwa kwa herufi tatu, K.A.R., lilitamkwa Keya, na askari wake wakaitwa askari wa Keya. Panyako ni ndugu mdogo wa Kariakoo na Keya. Tofauti ni kwamba Kariakoo ilipata soko na mtaa, ilhali Panyako ilipata watu.

Watu wa Panyako walikuwa nani? Vita vilipoanza mwaka 1939, Waingereza walihitaji askari wa kupigana, lakini walihitaji zaidi mikono ya kufanya kazi. Vijana wa Afrika Mashariki wakaandikishwa katika vikosi vya kuchimba mitaro, kutengeneza barabara na madaraja, kupakua shehena bandarini na kulinda maghala. Walifuatana na majeshi katika kampeni ya Ethiopia dhidi ya Waitaliano, iliyofikia kilele mwaka 1941, na wengine wakapelekwa Misri na nchi nyingine za Mashariki ya Kati.

Wapo waliojitolea kwa sababu ya mshahara, na wapo waliotolewa na machifu waliotakiwa kufikisha idadi fulani ya vijana. Mji wa Kakamega, uliokuwa makao makuu ya wilaya iliyoitwa wakati huo North Kavirondo, ulikuwa njia panda ya shughuli hizo za serikali. Tangu dhahabu ilipogunduliwa huko mwanzoni mwa miaka ya 1930, vijana wa eneo hilo walikuwa wamekwisha kuizoea kazi ya sururu na sepetu kwa malipo. Vita vikawataka waende na ujuzi huohuo jangwani.

Ili kuelewa jinsi jina la kikosi linavyogeuka kuwa jina la mtoto, yafaa tukumbuke desturi ya Waluhya ya kutoa majina. Miongoni mwa Wabukusu na majirani wao Wakabras, ambao ndio wenyeji wa Malava, mtoto hupewa jina la majira au tukio lililoambatana na kuzaliwa kwake. Wa mvua ni Wafula au Nafula. Wa mavuno ni Wekesa au Nekesa. Wa kiangazi ni Simiyu au Nasimiyu. Aliyezaliwa wakati wa njaa ni Wanjala au Nanjala, wa nzige ni Wasike au Nasike, na aliyezaliwa njiani ni Wangila au Nangila.

Desturi hiyo haikufunga mlango kwa mambo mapya. Sikukuu za Kikristo zilipoingia, jina Shikuku likaingia nazo. Mwanasiasa mashuhuri wa Butere, Martin Shikuku, aliyefariki mwaka 2012, alizaliwa siku ya Krismasi mwaka 1932. Na Barack Obama alipochaguliwa rais wa Marekani Novemba 2008, watoto kadhaa waliozaliwa magharibi mwa Kenya siku hizo waliitwa Obama. Wazazi hao hawakuwa wakiiga Wazungu. Walikuwa wakifanya yaleyale ambayo mababu zao walifanya waliposema Wasike: kuuandika mwaka katika mwili wa mtoto.

Kwa mantiki hiyo, jina kama Panyako huweza kuingia katika ukoo kwa njia mbili. Ya kwanza ni mtoto kuzaliwa baba au mjomba akiwa vitani. Ya pili ni lakabu: mtu amerudi na kofia yake na maneno machache ya kijeshi, kijiji kikamwita Panyako hadi jina lake la kwanza likasahaulika.

Baada ya hapo desturi nyingine hulichukua jina na kulisafirisha. Waluhya humpa mtoto jina la marehemu wa ukoo, na wazee husimulia kuhusu mtoto mchanga anayelia usiku kucha hadi litajwe jina la babu anayetaka kurudi. Kwa hiyo anaweza kuzaliwa Panyako ambaye hajaona bunduki, wala baba yake hajaiona.

Jina lenyewe huonyesha ugeni wake. Wafula ana dada yake Nafula, kwa kuwa viambishi Wa- na Na- hutenganisha mume na mke. Panyako halikubali mpango huo. Lilikuja likiwa zima, likabaki hivyo.

Hapa ndipo penye hasara inayotunyemelea. Shule, kanisa na ofisi za usajili zimeyageuza majina mengi ya aina hii kuwa majina ya ukoo yanayorithiwa kama yalivyo. Simiyu wa leo huenda amezaliwa masika, na hakuna anayeona ajabu. Lakini maana ya Simiyu haipotei, kwa sababu kiangazi hurudi kila mwaka kuifundisha upya. Kikosi cha Panyako hakitarudi. Kijana aliyeandikishwa mwaka 1940 akiwa na miaka 18 alizaliwa mwaka 1922, na kizazi hicho sasa kimekwisha karibu chote.

Katika Barabara ya Kenyatta jijini Nairobi zipo sanamu za shaba zilizozinduliwa mwaka 1928 kwa ukumbusho wa vita vya kwanza, zikiwamo za askari wa Keya na mpagazi. Mchimba mitaro wa 1939 hadi 1945 hakuchongewa sanamu miongoni mwao. Kumbukumbu yake imo katika jina ambalo karani huliandika katika cheti cha kuzaliwa bila kuuliza neno, kwa kuwa fomu ina nafasi ya jina na haina nafasi ya maana yake.

Nafasi hiyo ya pili ni kazi ya jamaa wenyewe. Mwenye jina adimu na amwulize mzee aliyebaki: nani alilibeba kwanza, mwaka gani, na kwa sababu gani. Kisha aandike jibu hilo pale wajukuu watakapolikuta. Asipofanya hivyo, atakayekuja baadaye atalisikia jina Panyako na kumkumbuka panya tu, na hilo halitakuwa kosa lake.