Kioo Kinachochelewesha Nuru: Dhana ya Kuhifadhi Wakati katika Bunilizi ya Bob Shaw

Makala haya yanajadili chombo cha kubuni ambacho huelezwa mara nyingi kuwa ni ghala la wakati, yaani kioo cha Bob Shaw (1931–1996), mwandishi mzaliwa wa Belfast. Kioo hicho kilijitokeza katika hadithi fupi "Light of Other Days", iliyochapishwa mwaka 1966 katika jarida la Analog la Marekani. Hoja inayotetewa hapa ni kwamba kioo hicho hakihifadhi wakati. Huchelewesha nuru tu, na tofauti hiyo ndiyo inayobeba uzito wa hadithi.

Utendaji wake ni sahili. Katika ombwe, nuru husafiri takriban kilomita 300,000 kwa sekunde. Ikiingia katika kioo cha Shaw, huchukua miaka kutokea upande wa pili. Kioo "chenye unene wa miaka 10" chaweza kubebwa na mtu, kwani unene unaotajwa ni wa safari ya nuru. Kikiwa kipya huwa cheusi tititi, kwa sababu nuru ya kwanza bado imo njiani. Hivyo husimamishwa mbele ya mlima au ziwa kwa miaka kadhaa, kisha huuzwa kwa mtu wa mjini, naye hukitia dirishani. Anachokiona si picha iliyoganda: mawimbi huenda, ndege hupita, na usiku huingia kwa saa zake.

Kwa Kiswahili, jambo hili lina mitego yake. Neno kioo hutaja cha dirisha na cha kujitazamia pia, na mfasiri asipofafanua atampotosha msomaji. Kioo cha kujitazamia humrudishia mtu sura yake ya sasa, ilhali cha Shaw humletea sura za wengine, za zamani. Aidha, kitenzi kuhifadhi hakifai. Nafaka iliyohifadhiwa ghalani hutolewa kwa hiari ya mwenyewe. Kilichocheleweshwa hakina hiari hiyo: kitafika kwa zamu yake, kitapita, kitakwisha.

La ajabu ni kwamba maabara imeukaribia uhifadhi halisi kuliko bunilizi. Mwaka 1999, Lene Hau na wenzake nchini Marekani walipunguza kasi ya nuru hadi mita 17 kwa sekunde katika gesi ya sodiamu iliyopozwa mno. Mwaka 2001 wakaisimamisha kabisa kwa muda mfupi, kisha wakaiachilia kwa kuimulika gesi kwa leza. Mwaka 2021, watafiti wa China walitangaza kwamba walihifadhi nuru katika fuwele kwa saa 1. Hapo mtafiti ndiye anayeamua nuru itoke lini. Mhusika wa Shaw hana uwezo huo.

Mhusika huyo ni Hagan, muuza vioo katika milima ya Uskoti. Wanamfikia Garland na Selina, mume na mke wanaozozana kwa sababu ya mimba wasiyoitarajia. Hagan ameketi nje, macho yake dirishani, ambamo mwanamke kijana na mtoto wanaonekana. Selina anapofungua mlango anakuta chumba kichafu, hakina mtu. Mke na mtoto wa Hagan waliuawa na gari miaka 6 iliyopita.

Hagan basi hawezi kuwa na jamaa zake ila akiwa nje ya nyumba yake mwenyewe, akiingia, huwakosa. Huwaona bila kuwasikia. Tena kila jioni anayowatazama imetolewa katika akiba isiyoongezeka, kwa kuwa hakuna nuru mpya iliyowahi kuwagusa tangu ajali. Lau kioo kingalikuwa ghala, angalikifunga leo ili abakize kitu cha kesho. Wasomaji wanaoiona hadithi hii kuwa ya faraja wamekisahau kikomo hicho.

Katika "Burden of Proof" (1967), Shaw aliipeleka dhana hiyohiyo mahakamani. Kioo kilikuwapo mahali pa mauaji; mshitakiwa amehukumiwa kifo na hukumu imetekelezwa, lakini nuru ya tukio haitatokea mpaka itimie miaka 5. Shahidi yupo, aliona yote, wala hawezi kuhimizwa. Hakimu aliyetoa hukumu anasubiri pamoja na watu wengine.