Rungwe, Kisiwa Kilichozungukwa na Migomba

Nikiwapeleka wageni katika msitu wa Mlima Rungwe, huanza nao shambani. Saa kumi na moja na nusu alfajiri tunasimama pale mahindi yanapokwisha, migomba nyuma yetu, mbele yetu ukuta mweusi wa miti. Hakuna fensi. Kuna mkuza uliofyekwa kutenganisha ardhi ya kijiji na hifadhi, na ukungu umelala juu yake. Nawaomba wazime tochi, wafumbe macho, wasikilize nyuma kisha mbele. Nyuma kuna jogoo, pikipiki inayopanda kilima kwa gia ndogo, njiwa, na mtu anayekohoa jikoni. Mbele kuna miluzi, miguno na milio kama ya chuma kinachogongwa, na karibu yote haisikiki kamwe upande wa migomba. Shore, yule ndege mchangamfu mwenye kichwa cheusi na manjano chini ya mkia, ndiye anayeimba pande zote mbili bila kujali. Wengine wana upande wao, na kati ya pande hizo ni hatua kumi tu.

Nikiona wameanza kuitambua tofauti hiyo, nawaambia kwamba wamefika ufukweni.

Tukisikia neno kisiwa, mawazo yetu huenda Unguja, Pemba, Mafia au Ukerewe. Kwa sisi tunaosoma viumbe, bahari si lazima iwe maji. Bahari ni eneo lolote ambalo kiumbe hawezi kuishi wala kulivuka bila hatari kubwa. Ndege mdogo wa msituni, aliyezoea kivuli na unyevu wa mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, hana la kufanya katika joto la Kyela, kule ardhi inakoshuka hadi karibu mita 500 kando ya Ziwa Nyasa. Hata shamba la chai la Katumba, lililo kijani mwaka mzima na linalopendeza machoni petu, kwake ni uwanda mtupu usio na pa kujificha mwewe akipita. Mlima Rungwe una kimo cha mita zipatazo 2,960, na Hifadhi ya Mazingira Asilia iliyotangazwa hapo mwaka 2009 ina hekta karibu 13,600. Hicho ndicho kisiwa chenyewe.

Mwaka 1967 Wamarekani wawili, Robert MacArthur na Edward Wilson, walichapisha kitabu kuhusu viumbe wa visiwani ambacho mpaka leo hatujaacha kukirejea. Hoja yao ni kwamba wingi wa aina za viumbe kisiwani ni mizani kati ya wanaofika na wanaotoweka. Kisiwa kikiwa kidogo, kila aina ina wachache, na maradhi ya msimu mmoja au kiangazi kikali kimoja huweza kuwamaliza. Kisiwa kikiwa mbali na vingine, hafiki mwingine wa kuziba pengo. Ukubwa na umbali: ukiyashika mambo hayo mawili, utauelewa msitu wa Rungwe kuliko aliyekariri majina ya ndege mia moja.

Ajabu ya mahali hapa ni kwamba kisiwa na bahari yake vinalishwa na udongo uleule. Rungwe ni mlima wa volkano. Jirani yake, Kyejo, ulimwaga lava takriban mwaka 1800, jambo la jana kwa hesabu ya miamba. Majivu ya milima hii, pamoja na mvua inayofikia milimita 3,000 kwa mwaka katika baadhi ya maeneo, ndiyo yaliyozaa msitu mnene kiasi hiki, na ndiyo yaliyozaa ndizi, chai, viazi, maparachichi na wakulima wengi kiasi hiki. Msitu haukubanwa kwa sababu watu wa hapa ni wabaya. Umebanwa kwa sababu ardhi yake ni nzuri.

Ndege wa kwanza ninayetaka mgeni amjue hana rangi ya kuvutia. Ni sistikola wa kahawia, mwenye alama nyeusi kati ya jicho na mdomo, anayekaa kwenye magugu na vichaka vya ukingoni. Kitaalamu anaitwa Cisticola nigriloris. Huimba wawili au watatu kwa pamoja, na sauti yao ni ya gurudumu la baiskeli lililokosa grisi. Wenyeji wamemzoea hata hawamsikii tena. Lakini duniani kote ndege huyu yupo katika nyanda za juu za kusini mwa Tanzania na katika milima ya jirani ya Malawi na Zambia tu. Wapo wanaosafiri kutoka Ulaya kuja kumwandika kwenye daftari, na sisi tunampita tukienda kuchuma chai. Chiriku wa Kipengere ana makao finyu zaidi, kwa kuwa hapatikani nje ya Tanzania.

Ukiingia ndani ya msitu, macho hayana kazi kubwa kwa nusu saa ya kwanza. Ni masikio. Mluzi mzito unatoka kwenye kichaka, na papo hapo unajibiwa na mlio mwingine, kwa namna ambayo utaapa ni ndege mmoja. Ni tiva wawili, dume na jike, dume akiwa na weusi wa sufuria ya kuni na jike akielekea kijani cha zeituni. Tiva huyu amepewa jina la Friedrich Fülleborn, daktari Mjerumani aliyezunguka maeneo haya mwishoni mwa miaka ya 1890, wakati makao ya utawala wa Wajerumani yalikuwa bado Langenburg kando ya ziwa, kabla ya kuhamishiwa Tukuyu. Ngozi za ndege alizokusanya zilipelekwa Berlin, na mwaka 1900 Anton Reichenow akazieleza kitaalamu. Ndege wasiopungua watatu wa nyanda hizi wamebeba jina la daktari huyo. Waliomwonyesha vichaka, waliojua kila ndege analala wapi, majina yao hayamo. Jambo hilo huniuma kila nikilitamka jina lake mbele ya mwongoza wageni aliyezaliwa hapahapa.

Wa pili kati ya hao watatu ni ndege mnene kiasi mwenye kifua cheupe, na ukitaka kumwona, watafute siafu. Niliwahi kukaa karibu dakika 40 kando ya msafara wao, suruali imeingizwa ndani ya soksi. Siafu wakitandaza jeshi lao chini ya majani makavu, kila mdudu anayejificha humo hutoka mbio: panzi, buibui, mende wa msituni. Ndege yule anakaa kwenye kijiti, sentimita 30 kutoka ardhini, mbele kidogo ya jeshi. Anainamisha kichwa. Anashuka, anadonoa, anarudi kwenye kijiti kabla siafu hajampanda mguuni. Siafu wenyewe hawali; anakula wanaowakimbia. Ndege wa namna hii anahitaji msitu mkubwa, maana lazima siku zote pawe na msafara wa siafu mahali fulani ndani ya eneo analoweza kulifikia. Kipande kidogo cha msitu kinaweza kuwa na miti yote inayotakiwa, na bado yeye akakosa riziki.

Mgeni wa kawaida lakini humkumbuka kulukulu. Akiwa ametulia kwenye tawi ni wa kijani, umpoteze kati ya majani. Akiruka, mbawa zinafunguka na unaona nyekundu kali kama kanga mpya. Wekundu huo una madini ya shaba ndani yake. Mkemia Mwingereza, Arthur Church, aliligundua hilo mwaka 1869. Unyoya wake ukilowekwa kwenye maji ya magadi, rangi inachuja. Hata kijani chake ni rangi ya kweli iliyo ndani ya unyoya, wakati kijani cha ndege wengi hutokana kwa sehemu na mchezo wa mwanga. Pamoja na uzuri wote huo, si mrukaji hodari. Hukimbia juu ya matawi kama mnyama, kisha huteleza hewani hadi mti wa jirani. Hilo la mti wa jirani tutalirudia.

Kabla ya hapo niseme neno kuhusu simu. Siku hizi mtu anaweka mlio wa ndege kwenye simu, anaubonyeza, na ndege anatokea hadi apigwe picha. Ndege huyo hakuja kukusalimu. Amesikia dume mgeni ndani ya mji wake, amekuja kupigana. Ukimwita mara kumi wakati wa kulea, ni mara kumi ameacha kiota. Mimi sichezi mlio, na mgeni anayeshikilia humwambia atafute mtu mwingine wa kumpeleka. Njoo kati ya Septemba na Desemba, ndege wengi wanapoimba wenyewe, uvumilie. Aprili njia ni tope na utelezi. Kibali hutolewa na Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, na mwongoza wageni mchukue kutoka vijiji vya hapo, kwa sababu hela inayobaki kijijini ina uzito kwenye mikutano ya kijiji.

Sasa kipunji. Mwaka 2003 watafiti wa Shirika la Uhifadhi wa Wanyamapori, WCS, wakiongozwa na Tim Davenport, walikuwa wakiwahoji wawindaji wa Kinyakyusa, wakawa wanasikia habari za kima mwenye haya anayeitwa kipunji. Waliingia msituni, wakamwona. Mwaka 2004 kikundi kingine, bila kujua habari za Rungwe, kikamkuta katika msitu wa Ndundulu, Udzungwa, umbali wa kilomita 350 hivi. Mwaka 2005 walimtangaza pamoja. Ni wa kahawia, uso mweusi, nywele zimesimama utosini, mkia mrefu wenye ncha nyeupe-nyeupe, na sauti yake ni kubweka na kupiga honi kwa wakati mmoja. Mwaka huohuo kipunji kijana alikufa mtegoni katika shamba la mahindi ukingoni mwa Rungwe. Mwili wake ulipochunguzwa ilidhihirika kwamba yuko karibu na nyani kuliko jamaa aliokuwa amewekwa nao mwanzo. Mwaka 2006 akaundiwa jenasi yake, Rungwecebus, jenasi mpya ya kwanza ya kima wa Afrika tangu 1923. Jina lake kamili, Rungwecebus kipunji, ni mlima wetu na neno la wazee wetu.

Nilimuuliza mzee mmoja anayelima chini ya hifadhi kama alimjua mnyama huyo kabla hajaandikwa. "Mwanangu," akasema, "sisi tulimjua kwa mahindi. Gunzi lililoachwa na kima nalijua, na la kipunji nalijua."

Hesabu iliyotolewa mwaka 2008 ilipata kipunji 1,117 duniani kote, na 1,042 kati yao walikuwa huku, katika misitu ya Rungwe na Livingstone. Hesabu za baadaye zimeonyesha wameongezeka, nami nafurahi. Hata hivyo Rungwe na Livingstone, ulio ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Kitulo tangu 2005, ni visiwa viwili vilivyokuwa vinakaribia kuachana kabisa. Kati yao kuna ukanda mwembamba wa Bujingijila, upana wa kilomita 2 hivi, uliokatwa miti na kulimwa kwa miaka mingi. Kundi la kipunji lililobaki Rungwe peke yake litaoana lenyewe kwa lenyewe kizazi baada ya kizazi, na tulishaona visiwa vidogo vinavyowafanyia walio wachache.

Kila mgeni wa Tukuyu hupelekwa Daraja la Mungu, lile jiwe lililopita juu ya Mto Kiwira, akapiga picha. Linastahili kuonyeshwa. Mimi huomba tuongeze siku moja kwa ajili ya Bujingijila, ingawa hakuna maporomoko wala ziwa la kuonyesha. Kuna miti ya asili iliyopandwa, mingine imenipita kimo, mingine bado iko magotini, na katikati yake viraka vya mashamba. Hapo ndipo kulukulu anapopimwa. Mti wa jirani ukiwa karibu, anavuka. Akivuka anabeba tumboni mbegu za matunda aliyokula upande wa pili. Nadhani hakuna mahali wilayani Rungwe panapohitaji zaidi mtu mwenye darubini na daftari, arudi mwaka hadi mwaka, aandike nani amevuka.

Safari yetu ya mwisho tulikaa pale tangu asubuhi. Tuliwaona shore, bila shaka, na chozi wawili kwenye maua ya njano. Karibu na saa sita kijana aliyekuwa akituongoza aliinama kwenye jani pana la mti mchanga. Palikuwa na kinyesi cha ndege, hakijakauka, na mbegu tatu ndani yake. Akazitenga kwa kijiti, akazifuta, akazifunga kwenye kipande cha jani la mgomba na kuzitia mfukoni, ampelekee mama anayetunza kitalu cha miche kule chini.