Swichi Isiyoshikika kwa Mkono



Wengi wenu mwatamani kazi ya mitandao ya kompyuta, ila mwajiuliza, "Swichi za vituo vya data tutazipata wapi?" Kweli, ni ghali, zala umeme na kupiga kelele kutwa. Mimi sikuwa nayo. Nilijifunza kwa Nexus 9000v ya Cisco, swichi iliyo programu tupu, ndani ya GNS3, programu ya bure igeuzayo kompyuta kuwa maabara.

Kwanza pimeni kumbukumbu ya kompyuta. Swichi yangu niliipa gigabaiti 8. Kompyuta ilikuwa na 16. Nilipowasha swichi mbili pamoja, yote ikakwama. Basi nikabaki na moja.

Ukiiwasha, ngoja dakika kadhaa, usiizime kwa kudhani imekufa. Itauliza kama uache kujipanga kwake yenyewe, jibu "yes". Kisha weka neno la siri, uingie kwa jina "admin".

Siku hiyo nilipanga VLAN, yaani kugawa swichi moja iwe kama kadhaa, nikahifadhi kwa "copy running-config startup-config". Nikawaahidi vijana watatu kuwaonyesha kesho yake. Walipokuja, nikawasha: pakatokea neno moja tu, "loader >". Jasho lilinitoka! Nilikuwa karibu kuifuta nianze upya, nikampigia simu ndugu aliyenitangulia kazini.

"Usifute," akasema. "Kazi yako imo. Hukuiambia tu iamke na faili gani."

Akanieleza, nasi tukafanya hivi. Tuliandika "dir", tukaona faili lenye jina la kuanza na "nxos" na kuishia na "bin". Tukaandika "boot" na jina lile zima. Swichi ikaamka, na VLAN zote zilikuwamo. Ndipo tukaingia "configure terminal", tukaandika "boot nxos bootflash:" likifuatwa na jina la faili pasipo nafasi, tukatoka kwa "end" na kuhifadhi tena. Tulipoizima na kuiwasha, iliamka yenyewe.

Basi, ndugu zangu, agizo hilo liandikeni siku ya kwanza, kabla ya VLAN yo yote. Nilichokaribia kufuta kilikuwa kazi ya siku nzima, nacho hakikuwa kimepotea. Mwenye pupa hadiriki kula tamu.

Mwanafunzi wa Zamani