Aibu na Kicheko katika Sinema Bubu

Katika Kiswahili, maneno haya, aibu na fedheha hukaribiana bila kulingana. Haya humzuia mtu kabla hajatenda. Aibu humpata anapoonekana amekosea. Fedheha humfika kosa lake linapotangazwa. Aibu, basi, huhitaji mtazamaji, na hapo ndipo sinema bubu ilipopata mtaji wake: kwa kuwa maneno hayakusikika, ilibidi kosa lionekane.

Mwaka 1895 ndugu Lumière wa Ufaransa walionyesha filamu fupi ya mtunza bustani. Kijana aliukanyaga mpira wa maji. Mzee alipochungulia mdomo wake, kijana akauachia, maji yakamrukia usoni. Watazamaji walijua asilolijua mzee, na pengo hilo ndilo lililozaa kicheko.

Charles Chaplin aliigeuza mbinu hiyo. Katika City Lights (1931), wakubwa wa mji wanafunua sanamu kwa heshima zote, na maskini anakutwa amelala mapajani mwake. Baadaye, akiwa karamuni, anameza filimbi, na kila kwikwi yake inamkatiza mwimbaji. Anayeaibika ni maskini, lakini kinachovunjika ni fahari ya wakubwa.

Barani Afrika kicheko hicho kilielekezwa kwingine. Katika Kongo ya miaka ya 1950, Padre Albert Van Haelst alitengeneza huko Luluabourg, ambayo sasa ni Kananga, vichekesho vya Matamata na Pilipili, mnene na mwembamba, kwa mfano wa Laurel na Hardy. Huko Tanganyika, filamu ya Muhogo Mchungu (1952), iliyokuwa na sauti, ilionyesha mtu wa shamba akitapeliwa Dar es Salaam. Mgeni ni kipofu japo ana macho. Hata hivyo, katika kisa hicho aliyechekwa ni mgeni, wala si utawala uliouweka mji.

Watu wa Kamina, mji uliokuzwa na njia panda ya reli, hawahitaji kufafanuliwa aibu ya kushuka garimoshi katika mji usioujua. Swali la kuuliza mbele ya kila kichekesho ni hili: je, kicheko kinampiga nani? Rashidi Kawawa, mwigizaji mkuu wa Muhogo Mchungu, alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika mwaka 1962. Aliyechekwa katika filamu hakubaki alipowekwa.