Uyoga wa Madaba: Riziki Isiyopandwa

Mvua zinapoanza kuloweka ardhi ya Madaba, njiani baina ya Njombe na Songea, akina mama huchukua vikapu wakaingia porini kutafuta uyoga. Hakuna aliyeulima wala aliyeupalilia. Jana palikuwa pakavu. Leo pameota chakula. Basi, ndugu wasomaji, twataka tuutazame uyoga huu kwa jicho la Mwislamu, kwani ndani yake mna neema na mna hatari.

Uyoga upendwao sana ni ule uotao penye vichuguu. Mchwa hukusanya majani makavu na vipande vya miti, wakavitafuna na kuvijenga chini ya ardhi mithili ya masega, na juu yake huota ukungu unaowalainishia chakula. Mvua ikinyesha, ukungu ule huchipua uyoga. Wataalamu huuita Termitomyces. Na katika jamii hiyo mna uyoga wa Afrika ambao mwavuli wake hufikia upana wa karibu mita moja. Subhanallah! Mdudu mdogo amefunzwa ukulima na Mola wake.

Katika Bukhari na Muslim imepokewa kwa Said bin Zaid kwamba Mtume Muhammad s.a.w. aliihesabu kam'a kuwa ni katika mana, na maji yake kuwa ni dawa ya jicho. Kam'a ni jamaa ya uyoga iotayo chini ya mchanga wa majangwa ya Uarabuni. Wanazuoni wengi wameeleza kwamba imefananishwa na mana kwa kuwa hupatikana bila ya kupandwa wala kumwagiliwa. Kwa maana hiyo uyoga wetu nao ni neema. Lakini si kam'a yenyewe, asije mtu akakamua uyoga wa porini machoni mwa mtoto.

Hatari yake ni hii: katika jamii iitwayo Amanita, iotayo pia katika miombo, mna uyoga mtamu na mna unaoua. Wengine husema uyoga ulioliwa na wadudu ni salama, au kwamba sumu huisha kwa kuchemshwa. Maneno hayo si kweli. Sumu kali haiondolewi na moto, na mara nyingi haijulikani ila baada ya saa 6 au zaidi. Huja kutapika na kuhara. Kisha mgonjwa huonekana kapata nafuu, kumbe ini linaharibika. Hapana budi apelekwe hospitali upesi pamoja na mabaki ya uyoga alioula.

Qurani yatukataza kujitia katika maangamizo kwa mikono yetu. Kwa hiyo, enyi vijana, fuataneni na mama na bibi zenu porini mjifunze uyoga mmoja mmoja kwa jina lake, maana elimu hiyo ni amana. Mlio na shaka nao, uacheni. Mwenyezi Mungu atupe riziki ya halali yenye salama. Amin.