Mguu Unacheza, Karatasi Inalipa

Timu ya Ligi Kuu ya mkoa wa Lindi haitoki pwani. Namungo FC, Wauaji wa Kusini, wana makao yao Ruangwa, kule juu kwenye korosho na machimbo. Kijana wa Kilwa Masoko anayetaka kwenda kufanya majaribio huko hana budi atoke hadi Nangurukuru, ashike barabara kuu ya kusini, apite Lindi, akunje kuelekea bara pale Mnazi Mmoja, kisha apande tena kuanzia Nanganga. Wengi wakipiga hesabu ya nauli huona heri kwenda kaskazini. Basi la Dar es Salaam huvuka Rufiji kwenye Daraja la Mkapa, lililofunguliwa 2003, na kumshusha Mbagala, ambako kila mtaa una timu yake na mechi ya ndondo hujaza watu kuliko baadhi ya mechi za ligi.

Mbagala ndiko alikoanzia Mbwana Samatta, katika timu ya Mbagala Market iliyokuja kuitwa African Lyon. Mwaka 2010 alikwenda Simba, 2011 TP Mazembe ya Lubumbashi, Januari 2016 Genk ya Ubelgiji, Januari 2020 Aston Villa, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya Uingereza. Katika sura hii nitamrudia mara kwa mara. Mabao yake yanajulikana hata na watoto. Ninachokitaka kwake ni ngazi, maana hakuruka hata kidato kimoja, na kila kidato kilikuwa na karatasi yake.

Tuanze na kidato cha nyumbani. Mkataba wa mchezaji wa Ligi Kuu una mafungu matatu ya fedha. Kuna dau la usajili, linalotolewa mwanzoni na mara nyingi kwa mafungu. Kuna mshahara wa mwezi. Kuna posho za ushindi, ambazo hupanda timu inapokutana na Simba au Yanga. Ndugu na majirani husikia dau tu, kwa sababu ndilo linalotajwa redioni. Mtu akisikika kachukua milioni 20 kwa miaka miwili, kijijini inajulikana kuwa ana milioni 20, na wagonjwa, wajane na wajenzi wa msikiti wote wanajua njia ya kwao. Hakuna anayezigawanya kwa miezi 24. Mchezaji mwenyewe asipozigawanya, mwezi wa tano anaishi kwa mshahara, na mshahara ukichelewa anaishi kwa kukopa kwa nahodha.

Fedha za ligi zimekua, hilo halina ubishi. Mwaka 2021 Azam Media ilisaini na shirikisho la soka la Tanzania, TFF, mkataba wa haki za matangazo wa miaka 10, wenye thamani ya shilingi bilioni 225.6. Hata timu ndogo ikapata uhakika wa kitu kila msimu. Lakini fedha hizohizo zimeleta wageni: klabu huruhusiwa kusajili hadi 12, na klabu kubwa huzijaza nafasi hizo. Kwa hiyo mshambuliaji wa Kilwa Kivinje hagombei namba na mwenzake wa Tanga peke yake. Anaigombea na Mkongo aliyekwisha kucheza Ligi ya Mabingwa Afrika. Ndiyo maana napenda timu za kati. Huko kijana anacheza, na mechi anazocheza huandikwa.

Namungo ni mfano mzuri kuliko wote. Walipanda Ligi Kuu 2019, wakamaliza msimu wa kwanza nafasi ya nne, wakafika fainali ya Kombe la Shirikisho la Azam na kufungwa na Simba 2-1 kule Sumbawanga. Kwa kuwa Simba walikuwa pia mabingwa wa ligi, nafasi ya Kombe la Shirikisho Afrika ikawaangukia watu wa Ruangwa. Kocha wa msimu huo alikuwa Mnyarwanda, Hitimana Thierry. Februari 2021 walitua Luanda kucheza na Primeiro de Agosto, na mamlaka za Angola zikasema baadhi ya waliokuwa kwenye msafara wana korona. Mechi haikuchezwa. Shirikisho la soka la Afrika, CAF, likaamua michezo yote miwili ipigwe Dar es Salaam. Namungo wakashinda wa kwanza 6-2, wakapoteza wa pili 3-1, wakapita kwa jumla ya 7-5. Kwenye makundi wakakutana na Raja Casablanca, Pyramids ya Misri na Nkana ya Zambia, wakatoka bila pointi.

Shabiki aliondoka na huzuni yake, na alikuwa na haki. Mchezaji aliondoka na kitu kingine. Mechi za makundi ya CAF hurekodiwa na hutazamwa na wasaka vipaji wa Kairo na Casablanca ambao hawatafika Ruangwa hata siku moja. Beki aliyefungwa na Raja ana mkanda wa kuonyesha. Aliyeng'ara kwenye bonanza la Idi kule Masoko ana masimulizi.

Sasa ng'ambo. Vijana wengi huiwaza Ulaya kana kwamba ni mlango mmoja, wakati Samatta alikaa Lubumbashi miaka minne na ushei. Chaguo hilo lilikuwa la akili kuliko lilivyoonekana. Lubumbashi watu huzungumza Kiswahili, cha kwao, lakini Kiswahili. Kijana wa miaka 18 hakuhitaji mkalimani sokoni wala kwenye chumba cha kubadilishia nguo. Mwaka 2015 Mazembe walitwaa Ligi ya Mabingwa Afrika, na Januari 2016 CAF ikamtangaza kuwa mchezaji bora wa Afrika miongoni mwa wanaocheza barani. Mwezi huohuo akaenda Genk.

Kwa nini Genk, na si Uingereza moja kwa moja? Kibali cha kazi. Uingereza ya wakati ule ilimpa kibali kwa wepesi mchezaji wa kutumainiwa wa taifa lililo katika 50 bora za FIFA, na Tanzania ilikuwa nje ya 100. Asiye na taifa kubwa nyuma yake ilibidi ajengewe hoja kwa mambo mengine: ligi anayocheza, mashindano ya kimataifa ya klabu yake, thamani ya uhamisho, mshahara. Ubelgiji ndiko hoja hizo zilikojengwa. Msimu wa 2018/19 Samatta alifunga mabao 23 ya ligi, Genk wakawa mabingwa, naye akapewa Kiatu cha Ebony, tuzo ya mchezaji bora wa ligi hiyo mwenye asili ya Afrika. Novemba 2019 akafunga Anfield katika Ligi ya Mabingwa Ulaya. Baada ya hapo Villa walikuwa na cha kuandika kwenye fomu.

Umri nao una kanuni yake. FIFA hairuhusu uhamisho wa kimataifa kwa aliye chini ya miaka 18, isipokuwa kwa sababu chache. Kelvin John, aliyekuwa nyota wa Serengeti Boys, timu ya taifa ya vijana, alitakiwa na Genk mapema, lakini alisaini Juni 2021, mwezi aliotimiza miaka 18. Kabla ya hapo alikuwa Uingereza akisoma na kufanya mazoezi katika chuo cha Brooke House. Kwa hiyo mtu akimwahidi mtoto wa miaka 15 wa Somanga kwamba atamsajili Muscat au Istanbul mwezi ujao, ama hajui kanuni au anajua sana. Wakala wa kweli siku hizi ana leseni ya FIFA inayopatikana kwa mtihani ulioanza 2023, na jina lake linatafutika mtandaoni. Akidai fedha za viza kabla ya barua ya mwaliko wa klabu, mazungumzo yaishe hapo.

Mkataba wa nje una meno, lakini lazima mchezaji ajue kuyatumia. Klabu isipolipa mishahara ya miezi miwili, mchezaji anaweza kuiandikia na kuipa siku 15; zikipita bila malipo, ana haki ya kuvunja mkataba na kudai fidia. Simon Msuva alitoka Yanga kwenda Difaâ El Jadida ya Morocco 2017, kisha Wydad 2020, akaingia katika mgogoro wa malipo na kuupeleka FIFA, ambayo iliamua kwa upande wake. Mchezaji hashindi kesi ya namna hiyo kwa machozi. Huishinda kwa barua zenye tarehe na taarifa za benki.

Kwa wasichana njia imekuwa fupi zaidi: Clara Luvanga alitoka Yanga Princess, akapita Dux Logroño ya Hispania, na mwaka 2023 alikuwa tayari Al Nassr ya Saudi Arabia.

Nimefika sehemu iliyonifanya niandike sura hii. Mchezaji akiuzwa nje mkataba wake ukiwa hai, asilimia 5 ya fedha za uhamisho hukatwa na kugawiwa klabu zilizomlea tangu mwaka wa umri wa 12 hadi 23. Miaka ya 12 hadi 15 kila mmoja una robo ya asilimia. Kuanzia 16 kila mwaka una nusu asilimia. Chukua kijana aliyechezea klabu moja ya Kilwa akiwa na miaka 14, 15, 16 na 17, kisha miaka mingi baadaye akauzwa kwa euro 1,000,000. Klabu ile ya Kilwa inastahili euro 2,500 mara mbili na 5,000 mara mbili, jumla 15,000. Ni zaidi ya shilingi milioni 40. Akiuzwa tena, hukatwa tena. Tangu mwishoni mwa 2022 FIFA ina ofisi maalumu Paris inayopitisha malipo hayo, na inachotazama ni pasi ya mchezaji, yaani orodha ya klabu zote alizosajiliwa, mwaka kwa mwaka.

Kuna kejeli hapa ya mahali penyewe. Ibn Battuta alipofika Kilwa 1331 aliukuta mji tajiri, na sehemu kubwa ya utajiri huo ilitokana na dhahabu ya Sofala, ambayo Kilwa haikuichimba. Ilikaa njiani ikatoza. Leo dhahabu ni yake, na anayetoza ni mwingine.

Sababu ni za kawaida kabisa. Mtoto wa Kivinje huonekana kwanza kwenye michezo ya shule za msingi, UMITASHUMTA, halafu ya sekondari, UMISSETA, na shule si klabu. Jioni huchezea timu ya mtaa yenye jezi, mlezi na jina la kutisha, lakini timu hiyo haijasajiliwa chama cha soka cha wilaya, wala mtoto hajaingizwa kwenye mfumo wa FIFA Connect ambao TFF huutumia. Akienda Dar akasajiliwa akiwa na miaka 18, pasi yake inaanzia hapo, kana kwamba alizaliwa siku hiyo na daluga miguuni. Kisha kuna kupunguza umri. Kijana wa 17 akiandikishwa wa 14, miaka yote inasogea, na hata klabu iliyomsajili kihalali inajikuta ikidai kwa mahesabu yasiyolingana na cheti cha kuzaliwa cha RITA.

Mjomba aliyenunua viatu naye hana fungu. Tangu Mei 2015 FIFA imepiga marufuku mtu binafsi kumiliki asilimia ya mchezaji. Anayeweza kudai ni klabu, kwa hiyo mjomba mwenye uchungu na fedha zake aanzishe klabu, aisajili, na amsajili mpwa wake ndani yake akiwa na miaka 12.

Na klabu ikishakuwa klabu, isimwachie kijana kwa seti ya jezi na mipira miwili, kama inavyofanyika. Inaweza kuandikiana na klabu inayomchukua kwamba akiuzwa baadaye, sehemu fulani ya mauzo itarudi Kilwa. Karatasi hiyo haihitaji wakili wa Posta, Dar es Salaam. Inahitaji tarehe, asilimia iliyotajwa kwa tarakimu na kwa maneno, na sahihi za viongozi wa pande zote mbili. Nakala moja ikae kwa katibu wa chama cha wilaya, kwa sababu viongozi wa timu za mitaa hubadilika kila baada ya ugomvi, na anayeondoka mara nyingi huondoka na faili.